Kriketi kwa Watu wa Mageti Mawili

Kazi niliyoifanya haikutajwa katika shule yoyote niliyosoma. Nilikaa kando ya skrini katika kibanda cha video, maiki mkononi, nikazisema kwa Kiswahili filamu za watu wasiotujua, ili mchuuzi wa vitunguu aelewe kwa nini mtu wa ng'ambo analia. Upande wa Uganda afanyaye kazi hiyo huitwa vijei. Mimi niliitwa Madam, kwa kuwa nilivaa sketi ndefu, nilisahihisha watu hadharani, na sikuwa mwepesi wa kucheka. Sasa koo limenistaafisha kabla mvi hazijapata nafasi yao. Daktari alinimulika kwa tochi, akaniambia kwamba nyuzi za sauti zimeota sugu kama viganja vya mkulima wa Nabuyoga, na kwamba nichague: ninong'one hadi uzeeni, au niendelee kupaza sauti kisha ninyamaze kabisa. Nimechagua kunong'ona. Mnong'ono haufai kibandani; kwa hiyo naandika.

Nawaandikia ninyi mnaozishika maiki hivi sasa Busia, Malaba na Tororo. Msitafute humu habari za malipo. Aliyeifuata kazi hii kwa ajili ya malipo alikwisha kuiacha akaenda kuuza simu. Wala msitafute vyeo. Katika kibanda kuna cheo kimoja tu, nacho ni kiti chenye mgongo. Wengine wote hukaa kwenye mabenchi.

Nilizaliwa Kirewa, upande wa Tororo, lakini baba alikuwa mtu wa reli, na reli ilitupeleka Nakuru, ambako nilisoma hadi nikavimaliza vitabu vya shule na kuanza kuazima vya padri. Tuliporudi nyumbani nilikuwa na sanduku la vitabu na Kiswahili kilichopigwa pasi. Kazi sikuwa nayo. Nikaanza kuuza chai na karanga mlangoni pa kibanda cha Mzee Opendi, mjini Tororo, pale ambapo ule mwamba mkubwa hukutazama hata ukiwa umeupa kisogo.

Mzee Opendi ndiye vijei wa kwanza niliyemjua, na hadi leo sijasikia aliyemzidi. Alikuwa na televisheni yenye nundu mgongoni, deki ya kanda, amplifaya iliyoshikanishwa kwa waya wa baiskeli, na maiki iliyofungwa leso ili mate yasiifikie. Kanda ikijitafuna, aliirudisha kwa kuizungusha kwa kalamu, taratibu, kama mtu anayemfunga mtoto bandeji. Leso ile aliifua kila jioni. Nyinyi wa siku hizi mnatumia flashi, nayo haijitafuni. Lakini maiki zenu nimezinusa, na nasema tena: fueni leso.

Siku yangu ya kwanza haikuniomba ruhusa. Mzee aliamka na malaria, sauti imekauka kama debe tupu, na watu walikwisha kuketi. Akanitazama nikimimina chai.

"Binti, filamu hii umeiona mara ngapi?"

"Mara nyingi kuliko nilivyotaka, Mzee."

"Basi weka birika chini."

Ilikuwa filamu ya wapiganaji wanaoruka juu ya mapaa. Nikaishika maiki kwa mikono miwili, nikatamka kwa utulivu: "Kijana huyu amejawa na ghadhabu isiyo kifani, kwa maana mwalimu wake ameuawa pasipo hatia."

Sauti ikatoka nyuma: "Eh! Hiyo ni habari ya redio! Nani nakufa?"

Watu wakacheka hadi benchi likalia. Mzee Opendi, aliyejikunja pembeni chini ya blanketi, alinivuta mkono. "Usiwasomee," akanong'ona. "Kaa nao kama mnakula."

Nilikaa nao hadi mwisho wa filamu. Sikula vizuri, lakini sikuondoka mezani.

Mzee alinifundisha mambo matatu. La kwanza, mpe jina shujaa, jina la hapa kwetu, kwa sababu mtu asiye na jina hana matanga. Yeye kila shujaa alimwita Owor, awe Mchina, Mmarekani au mamba. La pili, mtu akilia kwenye skrini, funga mdomo. Machozi hayahitaji vijei. La tatu, maji ya moto na tangawizi, na soda baridi uwaachie wanaokaa benchini. La pili na la tatu niliyashika kama amri za Mungu. La kwanza nililikataa. Niliona kwamba kumwita Mchina Owor ni uongo, na uongo mdogo ni mtoto wa uongo mkubwa. Tulibishana juu ya jambo hilo miaka yote, yeye akitabasamu, mimi nikinukuu vitabu. Alifariki bila kukubali na bila kunilazimisha, na hiyo ndiyo tabia ya mwalimu.

Ziko kesi ngumu ambazo lazima niwaachie, maana mtakutana nazo. Mabusu, kwa mfano. Vijei wengine huyageuza kuwa soko la matusi. Mimi nilisema, "Hapa wanaagana," na kama yakiendelea, "Bado wanaagana," na mara moja, katika filamu moja ya Wafaransa, nilipata nafasi ya kueleza faida za ndoa ya kanisani tangu mwanzo hadi mwisho. Kisha kuna umeme. Ukikatika kabla ya mwisho, watu hawatoki. Wanataka uwamalizie kwa mdomo. Nilimaliza filamu nyingi hivyo. Mwovu alitubu, akarudisha ng'ombe. Umeme uliporudi ikaonekana kwamba mwovu alilipuliwa na helikopta, na watazamaji wakalalamika kwamba filamu imekosea.

Baada ya mazishi ya Mzee Opendi nilihamia Busia, kwenye kibanda cha Mama Nekesa, nyuma ya maegesho ya malori. Mama Nekesa ni mjane wa Kisamia, mwenye kauli fupi na macho ya mtu anayepima nafaka. Alinihitaji kwa sababu watazamaji wake walitoka pande zote mbili za mpaka: Wakenya waliovuka asubuhi na mizigo yao, Wasamia, Wateso, Wajaluo, watu wa Buteba waliokuja kuuza mihogo. Kiluganda kingewaacha nusu yao nje. Kiswahili, hata kikivunjika, kilimtosha kila mmoja. Nami nilileta kile kisichovunjika.

Juma la kwanza niliandika ukutani, kwa rangi nyekundu, juu ya skrini: HAPA ANAYEFASIRI NI MMOJA. Kulikuwa na sababu. Watu wa Busia hawawezi kuona jambo bila kulisimulia. Muda wote wanamwelezea jirani kile ambacho jirani anakiona. Kwa rangi ile nekundu na jicho langu niliwatuliza. Na kwa kuwa maiki ilikuwa mkononi mwangu na shetani hakuwa amepewa ya kwake, nilichomeka maonyo kila filamu iliponipa upenyo. Niliwaonya juu ya pombe, uvivu, na zaidi ya yote magendo. Mji wetu una njia za panya nyingi kuliko barabara. Kila gari lilipoanguka bondeni katika filamu, niliuliza, "Mnadhani lilibeba nini?" Na kibanda kizima kikajibu kwa uchovu, "Sukari ya magendo, Madam."

Hivyo ndivyo mambo yalivyokuwa hadi alipotokea Radi.

Radi ni vijei wa Malaba. Jina lake la ubatizo ni la mtume, ila alijipa hilo la mvua. Alikuwa kijana mwenye kipaji, jambo lililoniudhi. Alikuwa na sauti kama ngoma mpya, aliweza kuigiza mbuzi, askari na bibi kizee kwa pumzi moja, na alitukana kwa lugha sita. Watu wetu walianza kwenda Malaba kumsikia, kisha wakarudi wakiniangalia kama dawa ya minyoo. Mabenchi ya nyuma yakaanza kubaki wazi.

Wakati huohuo mimi nilikuwa nimechoka na damu. Filamu baada ya filamu nilihesabia watu maiti. Nikamwambia muuzaji wa filamu anitafutie kisa kimoja ambamo mtu hapigwi risasi. Akarudi na filamu ya Kihindi, ndefu kuliko mahubiri ya Pasaka, juu ya maisha ya mcheza kriketi mmoja mashuhuri. Alikuwa mtoto wa mjane aliyepiga pasi nguo za watu kwa mkaa, kando ya barabara. Alijifunzia mchezo kwa kibao cha dobi cha kupondea nguo. Akakataliwa, akachekwa viatu, akarudi, hadi nchi nzima ikalijua jina lake. Niliitazama peke yangu nyumbani, nami, nisiyelia hovyo, nililia.

Nikamwambia Mama Nekesa kwamba Jumamosi na Jumapili tutaonyesha hiyo, na filamu ya majambazi isubiri.

"Kriketi," akasema. "Ule mchezo wa Wahindi wa Tororo?"

"Ule."

"Watu wetu wanaujua?"

"Nitawafundisha."

Akanipima kwa macho yake ya nafaka. "Madam, nakuheshimu. Lakini Radi amenipigia simu, anataka kuhamia hapa. Nimemwambia aje Jumapili nimjibu. Hiyo filamu yako ikishika watu, maiki ni yako, na Radi arudi Malaba. Watu wakitoka, Jumatatu Radi anakaa kwenye hicho kiti."

"Anatukana, Mama Nekesa. Watoto husimama dirishani."

"Anatukana watu wakiwa ndani," akasema. "Wewe utamhubiria nani, benchi?"

Sikulala kabla ya kuusoma mchezo. Nilikuwa na kamusi kubwa yenye ukurasa mzima juu ya kriketi, nami nikaielewa kama mtu anavyoelewa katiba. Jumamosi nilikuja na ubao na chaki. Nikachora uwanja. Nikaeleza mrushaji ni nani, mpigaji ni nani, vijiti vitatu vyasimama wapi. Nikaeleza namna zote ambazo mtu huweza kutolewa nje, kwa utaratibu, kuanzia ya kawaida hadi ile ambayo, kwa mujibu wa kamusi, karibu haitokei. Filamu ilipoanza niliisimamisha kila mpira uliporushwa, nikaonyesha ubaoni.

"Madam," mtu wa benchi la tatu akaita, "sisi nangoja goli."

"Hakuna goli katika mchezo huu."

"Basi nafunga nini?"

"Hafungi kitu. Anakusanya mikimbio."

"Anapeleka wapi?"

Mwingine akataka kujua kama yule mzee mwenye koti jeupe ni daktari wa mifugo, na kama ndiye, mgonjwa yuko wapi. Nikawaeleza kwamba ni mwamuzi. Nikarudi ubaoni. Nilipogeuka, benchi la tatu lilikuwa limeondoka kwa heshima, mmoja mmoja, wakiinama chini ya mwanga wa skrini kama watu wanaotoka kanisani kabla ya sadaka. Mama yule wa pasi alipolia, alilia mbele ya watu wachache na mbwa wa mlinzi.

Mama Nekesa alifagia maganda ya karanga, yaliyokuwa machache, akazima jenereta.

Jumapili alasiri Radi alikuwa amekwisha kufika. Alikaa benchi la mbele kabisa, miguu ameinyoosha, shati linang'aa kama samaki. "Shikamoo Madam," akasema, na shikamoo yenyewe ilikuwa kamili, siwezi kumsingizia. "Mimi ningewaambia ni vita. Hivyo vijiti ni bunduki."

"Marahaba. Ungekuwa unadanganya."

"Lakini wangekaa."

Mvua ndiyo iliyonitetea. Ilishuka ghafla, mvua ya kwetu isiyopiga hodi, na watu waliokuwa barabarani wakakimbilia mlango wowote uliokuwa wazi. Kibanda kikajaa waendesha baiskeli, wapagazi, wachuuzi na mizigo yao. Mama Akinyi aliingia na marobota yake mawili ya mitumba. Huyu ni mama wa Kijaluo kutoka upande wa Kenya, aliyekuwa akivuka mpaka kila siku tangu enzi za mageti mawili, kabla ya kujengwa kituo cha pamoja ambapo siku hizi unagongewa muhuri mara moja tu. Aliketi juu ya robota, akakamua kanga, akasema kwa sauti, "Haya Madam, leo tunamzika nani?"

Sikuuleta ubao. Nilipunguza kidogo sauti ya Kihindi, nikaanza kusema. Mambo yalikwenda vizuri mradi mtoto alikuwa mtoto na mama alikuwa na pasi. Njaa haihitaji kamusi. Lakini mechi ya kwanza ilipoanza, nikaanza kusikia viatu vikisugua sakafu. Mvua ilikuwa inapungua. Mtu alichungulia nje. Radi alikunja miguu, kama mtu anayejiandaa kusimama.

Kwenye skrini, kijana aliupiga mpira ukaenda mbali, akaanza kukimbia kuelekea vijiti vya upande wa pili, na mwenzake akakimbia kutoka huko kuja huku. Wakapishana katikati. Nikafungua mdomo kueleza mkimbio ni nini, nami, kwa mara ya kwanza katika kazi hii, sikupata neno ambalo halikuwa la kamusi. Nikanyamaza.

Ndipo Mama Akinyi aliponyoosha kidole.

"Kwani hawa si boda?"

Watu wakageuka.

"Ebu angalieni! Huyu anatoka geti ya Uganda, yule anatoka geti ya Kenya. Wanapishana hapo katikati, pale hakuna mwenyewe. Si ni baiskeli za zamani hizi?"

Mwendesha baiskeli mmoja, mtu mzima mwenye mvi za kidevu, akasimama pale alipokuwa. "Walahi! Na wale nasambaa kwa majani?"

"Si watu wa ushuru!"

"Na mpira?"

"Ni mkono ya ushuru, wewe! Ikifika kwa geti kabla ufike, umeshikwa hapo katikati na mzigo yako!"

Kijana akafika. Kibao chake kikagusa mstari, mpira ukaja nyuma yake ukakosa vijiti, na kibanda kizima kikalipuka kwa sauti moja: "Amevuka!"

Niliangalia ukutani, kwenye maandishi yangu mekundu. Nikaiangalia maiki. Mtu makini angewanyamazisha. Lakini nilikuwa nimeona jambo ambalo Mzee Opendi alijitahidi kunionyesha kwa miaka mingi: hawakuwa wameugeuza mchezo kuwa uongo. Kila walilosema lilikuwa sahihi. Mageti mawili, wakimbiaji wawili wanaopishana, mzigo unaohesabiwa ukifika na unaopotea ukikamatwa njiani. Ukurasa wangu wote wa kamusi ulikuwa umevuka mpaka huu kwa baiskeli tangu kabla sijahamia Busia.

Nikaileta maiki mdomoni. "Naam," nikasema. "Na kila kuvuka salama, wanaandikiwa moja."

Kuanzia hapo sikufasiri, niliendesha. Mpira ulipopigwa chini ukafika kwenye kamba ya uwanja bila kushikwa, nikasema ushuru wamefuata lori lisilo lenyewe, chukua nne. Uliporuka juu ya vichwa vya wote ukaangukia nje, mwenye mvi za kidevu akaniwahi: "Njia ya panya! Imepita njia ya panya!" Watu wakapiga mabenchi.

Hapo dhamiri yangu ikaamka, ikiwa imechelewa. Nilikuwa nimewahubiria watu hawa juu ya magendo kwa miaka, na sasa nilikuwa nawashangilia wapiga magendo kwa amplifaya.

"Ndugu zangu," nikasema, "tuelewane. Kijana huyu ana karatasi zote. Amelipa ushuru wake."

Mama Akinyi akageuka juu ya robota lake, akanitazama kwa huruma.

"Madam. Kama iko na karatasi, anakimbia ya nini?"

Nimesoma vitabu vingi. Hakuna kilichouliza swali hilo. Walicheka hadi Radi akashika mbavu, na nakiri kwamba kitu fulani kilitoka kooni mwangu kikaingia kwenye maiki, na wanaojua wanasema kilikuwa kicheko.

Yule kijana wa kriketi wakamwita Wandera, jina la hapa kwetu. Sikuwapa mimi jina hilo. Mtu alilitamka, likakaa. Wandera alipokataliwa na wakubwa kwa sababu ya viatu vyake, walimzomea mkubwa. Wandera alipolala njaa, Mama Akinyi alisema, "Mtoto wa mwenzangu." Mvua ilikwisha kitambo. Hakuna aliyechungulia nje.

Ikafika mechi ya mwisho. Mama mpiga pasi, ambaye hakuwahi kumwona mwanawe akicheza kwa sababu siku za mechi ndizo siku za nguo, amepandishwa basi na majirani, ameketishwa uwanjani katikati ya maelfu, na mchezo haujui. Umebaki mkimbio mmoja. Wandera anapiga, mpira hauendi mbali, wanakimbia. Mpira unarushwa. Wandera anajitupa kifudifudi, vumbi linatimka, vijiti vinaanguka. Hakuna ajuaye kipi kilitangulia. Mwamuzi anaomba picha irudiwe. Na filamu, kwa ujanja wa wenye kutengeneza filamu, inaacha uwanja, inaenda kwenye uso wa yule mama. Machozi yanamtoka. Anamgeukia mtu wa jirani, mgeni asiyemjua, na anauliza jambo.

Maandishi ya chini ya skrini yalinionyesha alichouliza: Je, amefika? Nikavuta pumzi ili niseme.

Sikuwahi. Mama Akinyi alikuwa amesimama, robota limeanguka.

"Amevuka, mama! Usilie! Amevuka na mzigo wote!"

"Kibao iligusa kwanza!" akapaza mwenye mvi. "Sisi nimeona!"

"Amevuka!" wakasema wote, kwa Kisamia, kwa Kiteso, kwa Kijaluo, kwa Kiswahili cha kila aina, wakimwambia mwanamke wa Kihindi kwenye kioo, kila mmoja akiwa na haraka ya kuwa wa kwanza kumpa habari. Nikakumbuka amri ya pili ya Mzee wangu. Nikaiweka maiki chini, juu ya leso yake.

Mwamuzi alitoa uamuzi baadaye. Alikubaliana nao.

Watu walipokuwa wakitoka, Mama Nekesa alisimama mlangoni na ufagio. Maganda ya karanga yalifika kwenye vifundo vya miguu. "Jumamosi ijayo tena," akaniambia. "Waliokosa wameuliza." Kisha akamgeukia Radi. "Wewe umesikia jibu."

Radi hakuondoka. Alikuwa bado benchini, shati lake la samaki limelowa jasho. "Madam," akasema, "mimi ningewaambia ni bunduki."

"Najua."

"Wangekaa. Lakini yule mama asingepata wa kumjibu."

Nikamwona upya. Nikamwambia kwamba kama anataka kujifunza, masharti ni mawili: matusi ayaache upande wa Malaba, na leso aifue kila jioni. Alilia zaidi juu ya sharti la kwanza. Akakaa nami miaka, na pale alipoteleza, nilimtoza faini ya kusoma ukurasa mmoja wa kitabu mbele ya watazamaji. Ana matamshi mazuri sasa. Wanaomsifia hawajui yalitoka wapi.

Hilo ndilo nililotaka kuwaachia. Someni kamusi, ujinga si unyenyekevu. Lakini mkikwama, nyamazeni kidogo, maana waliokaa benchini nao wamewahi kuvuka mahali.

Siku ya kuniaga, Mama Nekesa aliniuliza nataka filamu gani. Mnaijua. Kibanda kilijaa alasiri hiyo, na Radi akakaa kwenye kiti chenye mgongo. Mimi nilipewa benchi, pembeni ya Mama Akinyi, ambaye aliniletea karanga na kuniambia benchi ni gumu lakini mtu huzoea. Sikuwa nimewahi kuitazama filamu kutoka hapo. Kichwa cha mtu mmoja kinakufunika robo ya skrini, na goti la mwingine liko mgongoni mwako. Nilikunja mikono, nikaazimia kutoa mfano wa utulivu.

Mechi ya mwisho ikafika. Wandera akapiga. Wakaanza kukimbia. Radi alikuwa anasema vizuri, kwa kipimo, hakuna neno la kupunguza. Nami nikamwona mmoja wa watu wa ushuru upande wa kulia, ambaye kutoka kwenye kiti changu cha zamani sikuwahi kumwona, ameuokota mpira tayari, na Wandera hajui, Wandera anatazama mbele.

"Ushuru kulia kwako!" nikapiga kelele, kwa koo lote alilolikataza daktari. "Wandera! Kulia!"

Kibanda kikageuka kunitazama. Radi akasimamisha filamu. Aliinua kidole polepole, akakielekeza ukutani, kwenye maandishi mekundu ya mkono wangu mwenyewe, akangoja hadi niyasome.

Niliyasoma. Nikaomba radhi kwa ishara ya kichwa, nikaketi. Radi akaiachia filamu, Wandera akaanza tena kukimbia, Mama Akinyi akanishika mkono kwa nguvu, na tukasimama sote wawili.